Nani Aliyewalisha Waimbaji: Frank Harrison na Muziki wa Kale wa Uingereza

Kitabu cha Frank Harrison juu ya muziki wa Uingereza katika Zama za Kati, Music in Medieval Britain, kilitoka London mwaka 1958. Anayekifungua akitafuta watunzi na nyimbo zao hukutana kwanza na mambo mengine kabisa: kanuni za makanisa makuu, idadi ya makasisi, matunzo ya watoto wa kwaya, saa za sala, mali za wakfu. Sura ya kwanza inahusu taasisi na kwaya zake. Ya pili inahusu liturujia na nyimbo za Gregori zilizoandamana nayo. Ndipo nyimbo za sauti nyingi zinapopewa nafasi, na hata hapo mwandishi hachoki kurudi kwenye taasisi na kueleza nani alimwajiri nani. Wapo waliokiona kitabu hiki kuwa ghala la kumbukumbu lenye muziki haba. Mimi nashika upande wa pili. Nadai kwamba mpangilio huo ndio hoja yenyewe ya kitabu, na kwamba hoja hiyo ni sahihi: muziki wa kale wa Uingereza haueleweki mpaka tujue nani aliwalisha waimbaji, waliimba wapi, saa ngapi, na kwa faida ya roho ya nani. Nadai pia kwamba njia hiyo ya kuuliza, iliyonolewa juu ya hati za Eton na Lincoln, haina utaifa. Ni njia ile ile inayotakiwa kwa muziki wa watu wowote, na Harrison mwenyewe alilijua hilo mapema kuliko wenzake wengi.

Alizaliwa Dublin mwaka 1905, na utotoni aliimba katika kwaya ya Kanisa Kuu la Mtakatifu Patrick la mji huo. Alifundisha Kanada, kisha Marekani, na mwaka 1952 akaanza kazi Oxford. Uwanja alioukuta ulikuwa umekwisha kulimwa na watu wenye bidii ya ajabu. Edmund Fellowes, kasisi wa kanisa la Mtakatifu George huko Windsor, alikuwa amehariri madrigali za Kiingereza, yaani nyimbo za kidunia za sauti kadhaa, katika majuzuu 36 yaliyotoka kati ya 1913 na 1924. Kamati iliyofadhiliwa na mfuko wa Carnegie wa Uingereza ilitoa Tudor Church Music, majuzuu 10, kati ya 1922 na 1929. Mmoja wa wahariri wake alikuwa Sylvia Townsend Warner, ambaye dunia inamjua zaidi kwa riwaya zake. Deni letu kwa watu hawa halilipiki, kwa sababu bila wao nyimbo nyingi zingebaki kabatini. Hata hivyo swali lao kubwa lilikuwa moja: kazi bora ni zipi, na zinathibitisha vipi kipaji cha Waingereza? Swali hilo lina upofu wake. Fellowes aliitazama madrigali kama tunda la shamba la nyumbani, hadi mwaka 1962 mwanamuzikolojia Joseph Kerman alipoonyesha kwa urefu jinsi mtunzi Thomas Morley na wenzake walivyokula kwenye meza ya Waitalia, tangu Nicholas Yonge alipochapisha mkusanyo wake wa madrigali za Kiitalia zenye maneno ya Kiingereza mwaka 1588. Na kwa karne zilizotangulia wafalme wa Tudor, ambako majina ya watunzi ni machache na nyimbo nzima ni chache zaidi, swali la kazi bora linakauka upesi. Huwezi kuandika historia ya mashujaa pale ambapo mashujaa hawakuandika majina yao.

Uchache huo una chanzo chake. Monasteri za Uingereza zilivunjwa kati ya 1536 na 1540. Mwaka 1547 serikali ilitwaa wakfu za kuwaombea marehemu. Mwaka 1549 kikaja kitabu kipya cha sala kwa Kiingereza, na mara baada yake sheria iliyoagiza vitabu vya ibada ya Kilatini viharibiwe. Ngozi zilizokuwa na nota ziliuzwa kwa wajalidi wa vitabu; muziki wa monasteri ya Worcester wa karne ya 13 tunaujua kwa vipande vilivyobanduliwa ndani ya majalada ya vitabu vingine. Kati ya vitabu vikubwa vya kwaya vilivyoandikwa kabla ya Matengenezo ya Kanisa, vilivyonusurika vikiwa na umbo la kuridhisha ni vitatu tu: cha Eton, cha Lambeth na cha chuo cha Caius cha Cambridge. Mtafiti anayesimama mbele ya hasara ya kiasi hiki ana hiari mbili. Aweza kusifu kilichobaki kana kwamba ndicho kilichokuwapo. Au aweza kutafuta ushahidi wa namna nyingine, ule ambao waharibifu hawakuwa na sababu ya kuuharibu, yaani vitabu vya hesabu. Hakuna aliyechoma daftari la matumizi kwa sababu ya ushirikina. Harrison alichukua hiari ya pili, na hapo ndipo ubora wa kazi yake ulipoanzia.

Tuchukue kitabu cha Eton, ambacho Harrison alikihariri chote katika majuzuu matatu ya mfululizo wa Musica Britannica kati ya 1956 na 1961. Ni kitabu cha ngozi kilichoandikwa mwanzoni mwa miaka ya 1500, kikubwa kiasi kwamba kwaya nzima iliweza kusimama mbele yake na kusoma kwa pamoja: urefu wa ukurasa unakaribia sentimeta 60. Kila sauti imeandikwa peke yake katika sehemu yake ya ukurasa, huku ya watoto na kule ya besi, hivyo hakuna mwimbaji aliyeona wenzake wanaimba nini, alisikia tu. Faharasa yake imesalimika, nayo inataja nyimbo 93. Majani 98 kati ya 224 yamepotea, na nyimbo tulizo nazo leo, nzima au pungufu, ni 64: antifona na nyimbo za namna hiyo 54, Magnificat 9, na Mateso moja. Faharasa hiyo ina jambo la ajabu kidogo. Mbele ya nyimbo inaonyesha idadi ya nota kutoka ya chini kabisa hadi ya juu kabisa, kama vile 22 au 23, yaani oktava tatu au zaidi kidogo. Kwa nini mwandishi wa faharasa ajisumbue kuhesabu nota? Kwa sababu kiongozi wa kwaya alihitaji kujua, kabla hajafungua ukurasa, kama jioni ile alikuwa na waimbaji wa kuufikia wimbo. Mwenye mtoto mmoja mgonjwa wa koo angeukwepa wimbo wa nota 23. Faharasa ya Eton ni chombo cha kazi, na aliyeitunga alifikiri kama mwajiri.

Kanuni za chuo chenyewe zinatuambia kazi ilikuwa ipi. Mfalme Henry VI alianzisha Eton mwaka 1440, na baada ya kupanuliwa kanuni zilitaka makasisi 10 wa kanisa, waimbaji watu wazima 10 na watoto wa kwaya 16, mbali na wanafunzi 70 maskini na wazee 13 wa kutunzwa. Kila jioni watoto na mwalimu wao walitakiwa kwenda mbele ya sanamu ya Bikira Maria, wapige magoti, waseme Baba Yetu, kisha waimbe antifona ya Bikira. Wakati wa Kwaresima iwe Salve Regina. Ibada hiyo ilisimama peke yake, nje ya Misa na nje ya sala kuu za saa, hapakuwa na kasisi anayengoja madhabahuni wala maandamano ya kufuatwa. Wimbo uliweza kuchukua robo saa bila kumchelewesha mtu. Basi tunapokuta antifona za Eton ni ndefu, zenye madoido mengi, sauti zikipishana mbili mbili na tatu tatu kabla ya kwaya nzima kuingia kwa kishindo, hatuna haja ya kusema kwamba Waingereza walikuwa na roho ya kupenda mapambo. Walikuwa na nafasi katika ratiba, na mtu aliyekwisha lipia nafasi hiyo. Mfalme alilipa kwa mali ya wakfu ili aombewe akiwa hai na akiwa toharani, na imani ya wakati ule ilikuwa kwamba sala iliyopambwa vizuri haipungui thamani. Hata Robert Wylkynson, mwalimu wa kwaya pale, alipotunga Salve Regina ya sauti tisa na kuzipa sauti hizo majina ya majeshi tisa ya malaika, alikuwa anatekeleza ajira yake kwa fahari kubwa. Na mwandishi wa kitabu ametuachia dokezo kwamba Richard Davy alitunga antifona moja kwa siku moja tu, katika chuo cha Magdalen cha Oxford, alikokuwa mwalimu wa watoto. Dokezo hilo ni majisifu, bila shaka. Ila ni majisifu ya fundi aliyezoea kudaiwa kazi.

Mtu anaweza kusema kwamba haya yote ni mazingira tu, yanauzunguka muziki bila kuugusa. Hapana, yanaingia hadi ndani ya nota. Nyimbo za Kiingereza za mwanzo wa karne ya 15 zina upana wa oktava mbili hivi kutoka chini hadi juu, na zinatosheka na wanaume watatu au wanne. Za mwisho wa karne hiyo zina oktava tatu. Badiliko hili linasikika hata kwa sikio lisilofunzwa, kwa sababu juu kabisa sasa kuna sauti inayoelea peke yake, na chini kuna besi ya kweli. Roger Bowers, aliyeifuata njia ya Harrison kuanzia miaka ya 1970 na kuirekebisha mahali pengi, alipekua mikataba na hesabu za kwaya na kuonyesha kwamba kabla ya katikati ya karne ya 15 watoto hawakuwa na sehemu ya kawaida katika kuimba polifonia, yaani nyimbo za sauti nyingi. Waliimba nyimbo za Gregori, walishika mishumaa, walisoma. Kisha makanisa yakaanza kuajiri walimu wa kuwafundisha kuimba kwa nota na kwa kubuni. Mwaka 1477 kanisa kuu la Lincoln lilimwajiri William Horwood kwa kazi hiyo, na mafunzo yanatajwa moja baada ya jingine: nyimbo za Gregori, nyimbo za kuandikwa, namna mbalimbali za kuongeza sauti juu ya wimbo uliopo, na kinanda. Horwood huyo huyo ni mmoja wa watunzi wa kitabu cha Eton. Kwa hiyo tunao mnyororo usiokatika: mwajiri anaandika mkataba, mwalimu anafunza watoto, mtunzi ambaye ndiye mwalimu anaandika sauti ya juu ambayo sasa kuna wa kuiimba, na mwandishi wa faharasa anahesabu nota 23. Ukiondoa kiungo cha kwanza, cha mwisho hakielezeki.

Ushahidi wa namna hii unaweza pia kuhamisha wimbo kutoka nchi moja hadi nyingine, na mfano mashuhuri ni Misa iitwayo Caput. Ni Misa ya miaka ya 1440, miongoni mwa za mwanzo kuiweka sauti ya nne chini ya sauti ya tenori, na watunzi wakubwa wa Bara la Ulaya, Ockeghem na Obrecht, waliiheshimu hata wakatunga Misa zao juu ya lahani ile ile. Nakala iliyohifadhiwa Trento, Italia, iliandikwa jina la mtunzi Guillaume Dufay, na kwa muda mrefu wataalamu waliihesabu kuwa mali yake. Tatizo lilikuwa lahani yenyewe: haikuonekana katika vitabu vya Roma wala vya Cambrai alikoishi Dufay. Manfred Bukofzer, mtaalamu mzaliwa wa Ujerumani aliyehamia Marekani, akaipata katika vitabu vya liturujia ya Salisbury, ambayo ndiyo iliyotumika sehemu kubwa ya Uingereza. Ilikuwa katika antifona ya kuosha miguu siku ya Alhamisi Kuu, pale Petro anapotaka aoshwe hata kichwa, na neno hilo la kichwa linavutwa kwa mnyororo mrefu wa nota. Bukofzer alibaki akiamini kwamba Dufay aliiazima kutoka Uingereza. Wataalamu wa miaka ya 1960 na 1970 wakauliza kilichokuwa wazi: kwa nini tumsafirishe Dufay ng'ambo ya bahari kwenda kutafuta antifona ya ibada asiyoiimba, ilhali wapo Waingereza walioiimba kila mwaka? Majani ya hati ya Kiingereza yaliyopatikana Coventry yaliunga mkono shaka hiyo, na leo Misa hiyo inakubaliwa kuwa ya Mwingereza asiyejulikana jina. Wahakiki waliokuwa wamesifu mkono wa Dufay ndani yake walilazimika kumsifu mtu asiye na jina. Kilichowashinda ni ratiba ya Alhamisi Kuu.

Sasa nije kwenye pingamizi zito zaidi. Kerman, ambaye nimekwisha mtaja kwa heshima, aliandika mwaka 1985 kwamba wanamuzikolojia wa kizazi cha baada ya vita walikusanya hati na kuhariri nota kwa ustadi, lakini waliogopa kuuhukumu muziki wenyewe. Pingamizi hilo likielekezwa kwa Harrison linasema hivi: vyuo viwili vyenye kanuni zinazofanana vinaweza kutoa, kimoja John Browne, mmoja wa watunzi wa kitabu cha Eton, kingine mtu wa kawaida asiyekumbukwa. Mshahara ni ule ule, watoto ni wale wale, ngozi ya kuandikia ni ile ile. Tofauti iko wapi kama haiko kwa mtu? Nakubali nusu ya hoja hii bila kusita. Browne alikuwa na sikio ambalo hakuna mfadhili angeweza kulinunua, na sentensi za Harrison kuhusu uzuri wa nyimbo zake ni chache na kavu kupita kiasi. Hapo kitabu kinastahili lawama. Nusu ya pili siikubali. Inadhani kwamba kueleza taasisi ni kushindana na kueleza kipaji, kana kwamba ukimpa mmoja umemnyima mwingine. Kuona uhusiano wao tunahitaji mtunzi mmoja abaki pale pale huku taasisi inambadilikia miguuni. Historia ya Uingereza ilifanya jaribio hilo yenyewe, kwa ukatili.

Thomas Tallis alikuwa mwimbaji wa monasteri ya Waltham, kaskazini mwa London, ilipovunjwa mwaka 1540. Hesabu zinaonyesha alilipwa shilingi 20 za mshahara na 20 za kifuta jasho, akaondoka. Alikwenda Canterbury, kisha kwaya ya mfalme, akahudumia watawala wanne wa imani zilizopishana hadi alipofariki mwaka 1585. Chini ya Henry VIII alitunga antifona ndefu za Kilatini za ukoo ule wa Eton. Mwaka 1548 kanisa kuu la Lincoln liliamriwa na wakuu wa serikali mpya kuacha antifona za Bikira na watakatifu, kuimba kwa Kiingereza, na kuipa kila silabi nota moja iliyo wazi. Na tazama Tallis wa miaka hiyo: nyimbo fupi za sauti nne, maneno ya Kiingereza yanasikika kila moja, silabi moja nota moja isipokuwa pale anapojiibia kidogo mwishoni mwa mstari. Malkia Mary alipoirudisha Misa mwaka 1553, sauti nyingi na Kilatini vikarudi mkononi mwake mara moja. Mtu ni mmoja, na ukisikiliza vizuri utamtambua katika hali zote tatu. Kilichobadilika ni nani analipa na anataka nini. Antifona ya jioni haikufa kwa sababu watunzi waliichoka. Ilikufa kwa sababu sala ya kumwombea mwenye wakfu ilifutwa kwa sheria. Eton yenyewe iliachwa hai kama shule, lakini kazi ya kitabu kile ilikwisha. Na mwaka 1560 kinyozi wa chuo alilipwa apake chokaa juu ya picha za miujiza ya Bikira ukutani mwa kanisa. Zilikaa chini ya chokaa hadi 1847.

Mtetezi wa kipaji atamleta William Byrd, na ni shahidi mzuri. Byrd alikuwa Mkatoliki katika Uingereza ya Kiprotestanti, na kati ya 1592 na 1595 alichapisha Misa tatu za Kilatini ambazo hakuna kanisa la nchi lililoruhusiwa kuziimba. Je, huyu hakutunga bila taasisi, dhidi ya taasisi? Tuziangalie Misa zenyewe. Ni za sauti nne, tatu na tano. Ni fupi. Zilitoka bila ukurasa wa jina la kitabu, bila mwaka, bila jina la mchapaji. Miaka niliyoitaja ilipatikana baadaye kwa kuchunguza jinsi herufi za mapambo zilivyozidi kuchakaa kutoka chapa moja hadi nyingine. Kila moja ya sifa hizo ni alama ya mahali: nyumba ya familia ya Kikatoliki, kama ile ya ukoo wa Petre huko Ingatestone, ambako kasisi alijificha, waimbaji walikuwa wachache wa kuaminika, na vijitabu vilitakiwa viwe vya kufichika upesi. Ukumbi wa nyumba ya siri nao ni taasisi, yenye mfadhili wake na hofu zake. Byrd aliutungia kwa undani uliozidi fahari yote ya Eton, na hukumu hiyo ni yangu, sidai kwamba hesabu za mtu yeyote zinaithibitisha.

Lipo pingamizi jingine ambalo naliona na uzito kuliko la Kerman, ingawa linasikika mara chache. Vitabu vya hesabu vinamwona anayelipwa tu. Kitabu cha 1958 ni kitabu cha wanaume na watoto wa kiume wa makanisa yenye wakfu. Watawa wa kike wa Barking, ambao kitabu chao cha taratibu cha mwaka 1404 kinaeleza ibada nzito za Pasaka zilizoendeshwa na wanawake wenyewe, wanastahili kurasa nyingi kuliko walizopata. Ilibidi wangoje watafiti kama Anne Bagnall Yardley. Wapiga zumari wa mabwana, waimbaji wa karamu, nyimbo za shambani, wote wanaonekana kwa pembeni au hawaonekani. Hapa sina utetezi kamili wa kutoa. Nasema tu kwamba kasoro hii inasahihishwa kwa kuisogeza mbele njia ya Harrison, yaani kutafuta daftari jingine na mlipaji mwingine. Kurudi kwenye orodha ya kazi bora hakusaidii kitu, maana watawa wa Barking hawamo humo pia.

Harrison mwenyewe aliisogeza mbele kuliko ilivyotarajiwa. Mwaka 1963, katika kitabu alichoshirikiana na Mantle Hood na Claude Palisca, alidai kwamba muzikolojia yote inapaswa kuwa ethnomuzikolojia, maana muziki wowote ni wa watu fulani wanaoutumia kwa jambo fulani. Mwaka 1970 aliondoka Oxford akaenda Amsterdam kufundisha ethnomuzikolojia hadi 1976, na mwaka 1973 akatoa mkusanyo wa maandishi ya wasafiri wa kati ya 1550 na 1800 waliosimulia muziki wa watu wengine. Baadhi ya wenzake waliona ameihama fani. Uzito wa hatua hiyo unaonekana tukikumbuka mgawanyo uliokuwapo. Mwaka 1909 Erich von Hornbostel, akiwa Berlin, alichapisha uchunguzi wa nyimbo za Wanyamwezi kutokana na rekodi za fonografu. Ulikuwa uchunguzi wa heshima, na ni sehemu ya historia ya taaluma hii kwetu Tanzania. Lakini uliwekwa katika kabati la muzikolojia linganishi, na antifona za Eton katika kabati la muzikolojia bila sifa ya ziada. Mnyamwezi aliulizwa kabila lake linaimba vipi, Mwingereza aliulizwa kazi yake ina ubora gani. Harrison aliligeuza swali la kwanza na kulielekeza Eton, akathibitisha kwamba linajibika na kwamba majibu yake ni bora.

Atakayepinga atasema kwamba kulinganisha huku kunasahau maandishi: Eton ina kitabu, ngoma ya Unyamwezi haikuwa nacho. Ni kweli, lakini tofauti ni ndogo kuliko inavyodhaniwa. Sehemu kubwa ya uimbaji wa sauti nyingi Uingereza haikuandikwa kamwe. Ule mkataba wa Horwood unatofautisha waziwazi kuimba nyimbo zilizoandikwa na kubuni sauti juu ya wimbo wa Gregori kwa kufuata kanuni za sikio, mtindo ulioitwa faburden, ambao watoto waliupata kwa kurudiarudia mbele ya mwalimu. Mafundisho muhimu ya mtindo huo yamo katika kitabu kilichonakiliwa na John Wylde, kiongozi wa waimbaji wa Waltham, nacho kina sahihi ya Thomas Tallis. Monasteri ilipovunjwa, kitabu kilimfuata. Kitabu cha Eton chenyewe, kwa hiyo, ni sehemu iliyoandikwa ya desturi iliyoishi zaidi vinywani, na atakayekisoma kama anavyosoma riwaya atakuwa ameacha sehemu kubwa ya muziki nje.

Kwa hayo yote hukumu yangu juu ya Harrison ni hii. Kuhusu nani aliimba nini, Bowers na wengine wamemsahihisha, na inapasa wasomwe pamoja naye. Kuhusu wanawake na watu wa nje ya wakfu, kitabu chake hakitoshi. Kuhusu uzuri, Kerman ana sikio bora. Lakini juu ya swali la wapi mtafiti aanzie, Harrison hajashindwa na yeyote kati yao, na wanaoshughulika na karne ya 15 wanatumia ramani aliyoichora. Ombi langu kwa wanafunzi wa muziki katika vyuo vyetu ni jepesi. Mtakapopewa wimbo wa kuuchambua, uwe wa Tallis, wa kwaya ya misheni au wa kikundi cha taarab, andikeni kwanza ukurasa mmoja juu ya nani aliulipia, ulipigwa wapi na saa ngapi. Nota zifunguliwe baada ya ukurasa huo kujaa, na walimu wasiupokee uchambuzi ulioanza kinyume.